Daftari la Kodi na Haki ya Ardhi: Mashauri ya Uhamisho wa Majina Nchini India

Mheshimiwa mwenyekiti, mawakili wenzangu, maafisa ardhi, wanafunzi wa sheria, mabibi na mabwana.

Mada niliyoichagua leo inahusu India, na ndani ya India inahusu jambo moja: mashauri yanayozuka pale jina la mtu linapofutwa katika daftari la kodi ya ardhi na jina la mwingine kuandikwa mahali pake. Kwa sisi tuliosomea sheria Kenya jambo hili si geni kabisa, kwani Sheria ya Uhamisho wa Mali ya India ya mwaka 1882 ilitumika hapa hadi ilipofutwa mwaka 2012, na wapo miongoni mwenu walioanza kazi wakiifungua kila siku. Hata hivyo sitazungumzia Kenya. Nitazungumzia wakulima wa Uttar Pradesh, Bihar, Madhya Pradesh na Telangana, na swali ambalo mahakama zao zimelijibu kwa maneno yale yale kwa miongo kadhaa.

Hoja yangu ni hii. Sheria ya India inasema kwamba daftari la kodi halimpi mtu ardhi wala halimnyang'anyi, na kisheria kauli hiyo ni sahihi. Lakini dola hiyo hiyo imefungamanisha na daftari hilo karibu kila kitu ambacho ardhi humpa mkulima, kuanzia mkopo hadi fidia. Kwa hiyo aliyefutwa jina hupokonywa kwa vitendo kile ambacho mahakama inamwambia kuwa bado ni chake.

Tuanze na muundo wenyewe. Mtu anayenunua shamba India hupita katika ofisi mbili. Ya kwanza ni ya msajili wa hati, inayofanya kazi chini ya Sheria ya Usajili ya mwaka 1908, ambako hati ya mauzo husajiliwa, kwa kuwa kifungu cha 54 cha ile sheria ya 1882 kinataka mauzo ya ardhi yenye thamani ya kuanzia rupia 100 yafanywe kwa hati iliyosajiliwa. Msajili huthibitisha kwamba watu wawili wamefika mbele yake na kutia saini. Hathibitishi kwamba muuzaji alikuwa na chochote cha kuuza. Ofisi ya pili ni ya afisa wa kodi anayeitwa tehsildar, na huko mnunuzi huomba jina lake liingizwe badala ya la muuzaji. Katika majimbo yanayozungumza Kihindi kitendo hiki huitwa dakhil kharij, Punjab huitwa intkal, Maharashtra huitwa ferfar. Hakuna hata ofisi moja kati ya hizo mbili inayotoa hati ambayo serikali inaidhamini kuwa ushahidi wa mwisho wa umiliki. Mwenye ardhi India hujenga haki yake kwa mlolongo wa hati, mirathi, ushahidi wa kuishika ardhi na maandishi ya daftari, na kila kimoja kati ya hivyo kinaweza kupingwa.

Sababu ya hali hiyo ni ya kihistoria. Tangu zama za mfalme Akbar, ambaye waziri wake Todar Mal aliendesha upimaji wa mashamba katika karne ya 16, hadi utawala wa Kiingereza, daftari lilitengenezwa ili kujibu swali moja tu: nani atalipa kodi. Waingereza walilijibu kwa njia tofauti katika maeneo tofauti. Katika Madras, chini ya mfumo unaohusishwa na afisa wa Kiingereza Thomas Munro, mkulima mwenyewe aliandikwa kuwa mlipaji. Katika Bengal na Bihar, gavana mkuu wa Kiingereza Cornwallis aliweka mwaka 1793 utaratibu wa kudumu ambao ulimfanya mwinyi, yaani zamindar, kuwa ndiye mwenye kuwajibika kwa serikali, na majina ya wakulima waliokuwa chini yake yakabaki ndani ya vitabu vyake binafsi. Umwinyi huo ulipofutwa kwa sheria ya Bihar ya mwaka 1950, serikali ilijenga madaftari yake kwa kutegemea orodha ambazo mamwinyi hao hao waliziwasilisha. Nawaomba mkumbuke jambo hilo, maana nitarudi Bihar.

Sasa tuangalie utaratibu wenyewe. Ombi likishapokelewa, hutolewa tangazo la wazi, mara nyingi la siku 30, kumwita mwenye pingamizi. Karani wa ardhi wa kijiji, ambaye huitwa patwari katika majimbo mengi, lekhpal katika Uttar Pradesh na talathi katika Maharashtra, huandika taarifa yake. Pasipo pingamizi, tehsildar huamuru jina libadilishwe. Pakiwepo pingamizi, husikiliza pande mbili kwa utaratibu wa mkato, bila kuchunguza ushahidi kwa kina kama afanyavyo jaji, kisha hutoa amri. Amri hiyo hukatiwa rufaa kwa afisa wa juu yake, halafu huombewa marejeo kwa kamishna au kwa Bodi ya Kodi, na baada ya hapo wapo wanaokwenda hadi Mahakama Kuu ya jimbo kuomba amri ya kikatiba. Mahakama Kuu ya Allahabad imekuwa ikirudia kwamba, isipokuwa kwa sababu za pekee, haitaingilia mashauri ya uhamisho wa majina kwa sababu hayaamui haki ya mtu yeyote. Mwanasheria akisikia hivyo hutikisa kichwa kukubali, lakini tumfikirie mteja wake: amekwishamaliza ngazi zote za ofisi ya kodi, pengine kwa miaka mingi, ndipo anaambiwa kwamba kilichokuwa kikibishaniwa muda wote huo hakikuwa umiliki.

Msingi wa msimamo huo umewekwa na Mahakama ya Juu ya India katika mfululizo wa hukumu. Mwaka 1996, katika shauri lililotoka Punjab, jaji wa rufaa wa ngazi ya chini alikuwa amehitimisha kwamba mwanamke mmoja ndiye mwenye ardhi kwa kuwa jina lake ndilo lililoingizwa daftarini. Mahakama ya Juu ilisema jaji huyo amekosea kabisa: kuandikwa jina hakuanzishi umiliki wala hakuufuti, na faida yake pekee ni kumwezesha aliyeandikwa kulipa kodi. Mwaka uliofuata ilisisitiza tena kwamba mwenye ardhi havuliwi haki yake kwa sababu tu daftari limebadilishwa. Mwezi Septemba 2021 ilikuja hukumu kutoka Madhya Pradesh kuhusu mtu aliyetaka jina lake liingizwe kwa kutegemea wosia uliokuwa ukipingwa. Jibu lilikuwa wazi: palipo na ubishi kuhusu umiliki, na hasa ubishi unaotokana na wosia, anayedai ardhi kwa wosia huo aende kwanza mahakama ya madai, apate hukumu, ndipo daftari lifuate hukumu hiyo.

Naikubali hukumu hiyo ya 2021 bila kusita. Afisa wa kodi hana mafunzo ya kupima kama marehemu alikuwa na akili timamu alipotia saini, wala hana muda wa kuwahoji mashahidi wa wosia. Lakini nawatahadharisha vijana wasije wakadhani kwamba kanuni hii iko sawasawa kila mahali. Katika Punjab na Haryana, Sheria ya Kodi ya Ardhi ya mwaka 1887 inayapa maandishi ya daftari dhana ya kuwa ya kweli hadi yakanushwe, na katika Uttar Pradesh madai ya kutangaziwa haki juu ya shamba la kilimo hupelekwa katika mahakama ya kodi yenyewe, wala si mahakama ya madai. Ardhi na kodi yake ni mambo ya majimbo chini ya Katiba ya India, na anayesoma hukumu moja akadhani ameisoma India nzima atampoteza mteja.

Je, ni kweli kwamba daftari ni la kodi tu? Kwa mkulima mwenye eneo dogo, kodi ya ardhi siku hizi ni kiasi kidogo mno. Kilicho kikubwa ni vile vingine. Benki ikitaka dhamana huomba nakala ya daftari. Mpango wa serikali kuu wa kuwasaidia wakulima, ulioanza mwaka 2019 na unaotoa rupia 6,000 kwa mwaka kwa awamu tatu, uliwekewa sharti kwamba ardhi iwe imeandikwa kwa jina la mkulima kufikia tarehe 1 Februari 2019, ukiacha walioirithi baadaye. Barabara ikipita, fidia huanza kwa kuangalia nani ameandikwa. Wabunge wa India waliijua hatari hiyo, na ndiyo sababu sheria ya utwaaji wa ardhi ya mwaka 2013 inamtaka mkuu wa wilaya asahihishe kumbukumbu za ardhi ndani ya miezi miwili baada ya tangazo la awali, kabla ya kuendelea mbele. Kuweka sharti kama hilo katika sheria ni kukiri kwamba madaftari kwa kawaida hayaonyeshi hali halisi.

Hakuna kisa kinacholionyesha jambo hili kwa uchungu zaidi kuliko cha Lal Bihari wa wilaya ya Azamgarh, Uttar Pradesh, ambaye amekwishaeleza habari zake hadharani mara nyingi. Katika miaka ya 1970 alikwenda kutafuta mkopo, akagundua kwamba katika kumbukumbu za kodi ameandikwa kuwa amekufa, na kwamba kipande chake cha ardhi kimehamishiwa kwa jamaa zake. Tafakarini hali yake kwa jicho la sheria. Hakuwa ameuza. Hakuwa amekufa. Kwa mujibu wa hukumu zote nilizozitaja, amri ile ya uhamisho haikumwondolea hata shubiri moja ya ardhi. Hata hivyo ilimchukua hadi mwaka 1994 kurudishwa miongoni mwa walio hai, baada ya karibu miaka 18. Katika muda huo alijiongezea katika jina lake neno linalomaanisha marehemu, aliomba mkewe alipwe pensheni ya mjane, na aligombea ubunge dhidi ya Rajiv Gandhi, waziri mkuu wa wakati huo, mwaka 1989, yote ili ofisi yoyote ya serikali ilazimike kuandika mahali fulani kwamba yuko hai. Aliunda chama cha watu walioandikwa kuwa wafu, na waliojitokeza na malalamiko kama yake walikuwa wengi. Hicho ndicho kinachoweza kufanywa na taarifa ya karani mmoja wa kijiji katika utaratibu ambao tunaambiwa hauamui haki ya mtu.

Lakini kwa maoni yangu kundi linaloumia zaidi kuliko hata hao ni mabinti. Sheria ya Urithi ya Wahindu ya mwaka 1956 ilirekebishwa mwaka 2005 ili binti awe na haki sawa na mwana katika mali ya pamoja ya ukoo, na marekebisho hayo yaliondoa kifungu kilichokuwa kikiziacha sheria za majimbo kuhusu mashamba zijitawale. Mwezi Agosti 2020 Mahakama ya Juu ilithibitisha kwamba haki hiyo ni ya kuzaliwa, haitegemei kama baba alikuwa hai mwaka 2005. Kwa maandishi ya sheria hiyo, hakuna kilichobaki cha kumdai. Sasa nendeni katika ofisi ya kodi baba anapofariki. Karani huandika nasaba ya marehemu kwa kuwauliza walio mbele yake, nao mara nyingi ni wana wa kiume. Binti aliyeolewa kijiji kingine hatajwi, au anatajwa kisha anaambiwa na kaka zake aiachie sehemu yake kwa ajili ya umoja wa familia, kama ilivyo desturi iliyoenea Rajasthan. Tangazo la siku 30 hubandikwa mahali ambapo yeye hapiti. Na katika Uttar Pradesh mambo ni magumu zaidi, kwa sababu Kanuni ya Kodi ya mwaka 2006, iliyoanza kutumika mwaka 2016, ina mpangilio wake wa warithi wa mashamba ambapo binti aliyeolewa huwekwa nyuma ya mjane, ya wana na ya binti ambaye hajaolewa.

Miaka hupita. Siku moja kaka anauza, au serikali inatwaa eneo kwa ajili ya barabara, na dada ndipo anajua kwamba hakuandikwa. Anapofungua shauri, upande wa pili husimama na hoja ya ukomo wa muda: Sheria ya Ukomo ya mwaka 1963 inampa mtu miaka 3 ya kuomba atangaziwe haki yake. Hapo mahakama za India zimemsaidia, nami nazipongeza, kwa kushikilia kwamba mrithi mmoja akiishika ardhi huishika kwa niaba ya warithi wote, hadi awatoe wenzake waziwazi. Ila kanuni hiyo humfaa aliyeweza kumlipa wakili na kuvumilia miaka ya kesi. Haimfai aliyeambiwa na afisa wa kwanza tu, aliyemwonyesha ukurasa wa daftari, kwamba jina lake halimo.

Sasa nirudi Bihar, kama nilivyoahidi. Mwezi Oktoba 2019 serikali ya jimbo hilo ilibadilisha kanuni zake za usajili, ikamwamuru msajili akatae hati ya mauzo kama muuzaji hajaonyesha kwamba ardhi imeandikwa kwa jina lake mwenyewe katika daftari la kodi. Nia yake ilikuwa njema. Muuzaji ambaye jina lake limebaki daftarini baada ya kuuza anaweza kuuza mara ya pili kwa mnunuzi asiyejua, na ingawa kifungu cha 48 cha sheria ya 1882 kinamlinda aliyetangulia, mnunuzi wa pili huwa amekwishalipa. Serikali ilitaka kuufunga mlango huo, na Mahakama Kuu ya Patna ilikubaliana nayo mwaka 2024.

Tarehe 7 Novemba 2025 Mahakama ya Juu, kwa kauli ya majaji P.S. Narasimha na Joymalya Bagchi, ilizifuta kanuni hizo. Sababu ya kwanza ilikuwa ya mamlaka: sheria ya 1908 inampa msajili kazi ya kusajili hati, haimpi kazi ya kuchunguza umiliki, na kanuni haiwezi kumwongezea mamlaka ambayo sheria mama haikumpa. Miezi michache kabla ya hapo, mwezi Aprili, mahakama hiyo hiyo ilikuwa imeifuta kanuni ya Tamil Nadu kwa sababu iliyofanana na hiyo. Lakini kwangu uzito uko katika sababu ya pili. Upimaji mpya na usahihishaji wa madaftari ya Bihar haukuwa umekamilika, na ardhi nyingi ilikuwa bado imeandikwa kwa majina ya mababu waliokwisha kufa. Mwenye shamba halali, aliyelirithi kihalali, alikuwa ameondolewa uwezo wa kuliuza kwa kosa la daftari ambalo si lake. Mahakama ilisema kwamba kumiliki mali kunabeba pia uhuru wa kuihamisha, na sharti lisilotekelezeka ni zuio. Katika hukumu hiyo hiyo ilitaja makadirio kwamba asilimia 66 ya mashauri ya madai nchini humo yanahusu ardhi na mali, ikaitaka Tume ya Sheria ichunguze namna ya kuoanisha usajili na umiliki, pamoja na uwezekano wa kutumia blokucheni, yaani teknolojia ya kutunza kumbukumbu za kidijitali zisizoweza kubadilishwa kwa siri.

Kuhusu teknolojia nina neno. Karnataka ilianza mapema. Mradi wake uitwao Bhoomi uliingiza katika kompyuta, kufikia mwanzoni mwa miaka ya 2000, kumbukumbu zipatazo milioni 20 za wakulima wapatao milioni 6.7, ukapiga marufuku nakala za kuandikwa kwa mkono na kuweka foleni ambayo maombi hushughulikiwa kwa kufuata yalivyopokelewa. Hayo ni mafanikio ya kweli, kwa kuwa karani alipoteza uwezo wa kuficha kitabu. Serikali kuu ilifuata kwa mpango wa kitaifa mwaka 2008, na sasa viwanja vinapewa namba za tarakimu 14. Tatizo linaonekana Telangana. Mwaka 2020 jimbo hilo lilizindua mfumo wa kompyuta uitwao Dharani, ambamo tehsildar alisajili mauzo ya shamba na kubadilisha jina siku hiyo hiyo, na wakati huo huo mahakama za kodi zikafutwa, hivyo mwenye kosa katika kumbukumbu zake akabaki na njia chache sana za kulisahihisha isipokuwa kufungua kesi ya madai. Mfumo ulikuwa wa haraka, na makosa yaliyoingizwa ndani yake yakakaa pale pale kwa haraka hiyo hiyo. Malalamiko yalikuwa mengi kiasi kwamba sheria mpya ya mwaka 2025, Bhu Bharati, iliurudisha utaratibu wa rufaa. Jirani yake, Andhra Pradesh, ilitunga sheria ya kuyafanya maandishi ya daftari kuwa ya mwisho yasipopingwa katika muda uliowekwa. Sheria hiyo ikawa gumzo la uchaguzi wa 2024 na ikafutwa mwaka huo huo.

Mawakili wenzangu, wapo wasomi wa India wanaotamani nchi yao iwe na hati zinazodhaminiwa na serikali kama ilivyo katika mfumo wa Torrens, ambao sisi tunaufahamu. Mimi siwapingi kwa lengo, nawapinga kwa mpangilio wa hatua. Ukilifanya daftari kuwa neno la mwisho kabla ya kulisahihisha, dada aliyeachwa nje ya nasaba atapoteza hata ile kanuni ya mahakama inayomlinda leo. Usahihishaji lazima utangulie, na pa kuanzia ni kwenye vifo, kwa sababu huko ndiko makosa yanakozaliwa kwa wingi. Jina la marehemu likiondolewa, warithi wake wote waingizwe kwa sheria yenyewe, pasipo kusubiri mtu aombe, na mrithi yeyote asihesabiwe kuwa ameiacha sehemu yake isipokuwa kwa hati iliyosajiliwa ambayo ameitia saini mbele ya msajili, akiwa ameelezwa thamani ya anachokiacha. Tangazo limfikie binti mahali anapoishi, kwa simu na kwa barua. Na penye kesi mahakamani, ukurasa wa shamba hilo uonyeshe kwamba kuna kesi. Maharashtra na Gujarat kwa muda mrefu zimekuwa na utaratibu wa kusajili taarifa ya shauri lililofunguliwa ili mnunuzi asiseme hakujua, na sioni kwa nini taarifa hiyo isionekane pia katika daftari la kodi la kila jimbo.

Bihar sasa inaendelea na upimaji maalumu chini ya sheria yake ya mwaka 2011, kijiji kwa kijiji, na wananchi wametakiwa kuwasilisha wenyewe nasaba za familia zao pamoja na maelezo ya ardhi wanayoishika. Fomu hizo ndizo zitakazozaa daftari la kizazi kijacho. Yeyote kati yenu atakayepata nafasi ya kufanya utafiti India katika miaka hii, namshauri aende huko, aombe kuziona nasaba hizo zinavyojazwa, na aangalie katika kila moja kama majina ya mabinti yamo.

Ahsanteni sana kwa kunisikiliza. Niko tayari kupokea maswali.